Reli, Ziwa na Milima: Vita vya 1916 kutoka Kigoma hadi Turiani

Vita vya Ziwa Tanganyika, bahari ya ndani iliyotenganisha koloni la Wajerumani na Kongo ya Wabelgiji, haviwezi kueleweka bila Reli ya Kati, kwa kuwa reli hiyo, iliyofika Morogoro mwaka 1907 na Kigoma mwaka 1914, ndiyo iliyosafirisha meli ya Graf von Götzen ikiwa vipande ndani ya makasha, ikaungwa upya ufukweni na kuwekewa mzinga uliookolewa kutoka Königsberg, manowari (yaani meli ya vita) iliyoangamia Rufiji. Waingereza waliiteka meli ya Kijerumani Kingani mnamo Desemba 1915, wakaizamisha nyingine, Hedwig von Wissmann, Februari 1916, na Julai Wajerumani wakaizamisha Götzen wenyewe, mitambo yake ikiwa imepakwa grisi. Iliibuliwa mwaka 1924 na leo inaitwa Liemba.

Agosti 1916 majeshi ya Waingereza chini ya Jenerali Jan Smuts, yakiitafuta reli hiyohiyo, yalishuka kupitia milima ya Nguru na Turiani, ambako askari wa von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, walirudi nyuma wakivunja madaraja, wakapigana tena mtoni Wami huko Dakawa, hadi Morogoro ilipotekwa tarehe 26 na Wajerumani wakarudi nyuma hadi milima ya Uluguru. Mzigo mzito kuliko yote, ambao vitabu vya majenerali huupitia kwa haraka isiyostahili, uliwaangukia wapagazi, yaani Waafrika waliobeba risasi na chakula kichwani kwa pande zote mbili, wakafa kwa maelfu kwa njaa, kuhara na malaria, wengi wao wakizikwa kandokando ya njia pasipo jina.