"Surcos": filamu iliyoonyesha njaa ya Madrid

Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania vilimalizika mwaka 1939 kwa ushindi wa Jenerali Francisco Franco. Chakula kiligawiwa kwa kadi hadi mwaka 1952, ulanguzi ukashamiri, na wakulima wengi wakahamia mijini. Katika majumba ya sinema, hata hivyo, watazamaji walizoea kuonyeshwa wafalme na mashujaa wa kale.

Mwaka 1951 ikatoka "Surcos", jina lenye maana ya mistari iachwayo na plau shambani. Ajabu ni kwamba mwongozaji wake, José Antonio Nieves Conde, hakuwa mpinzani: alikuwa mfuasi wa Falange, chama cha utawala wenyewe.

Filamu inaifuata familia ya Pérez, inayoshuka kwenye treni mjini Madrid na kuingia mtaa wa Lavapiés, katika nyumba ya ghorofa yenye wapangaji wengi na ua mmoja. Baba anajaribu kuuza peremende na sigara, kisha anaingia kiwanda cha kuyeyushia chuma, nako nguvu zinamwishia. Hatimaye anavaa aproni na kuachiwa kazi za jikoni. Hakuna pigo katika filamu hiyo linaloumiza kimya kimya kama hilo. Mwanawe Pepe anaendesha malori ya mlanguzi aitwaye Chamberlain, na kazi hiyo inamgharimu maisha. Binti, Tonia, anayetamani kuwa mwimbaji, anaangukia mikononi mwa mlanguzi huyohuyo.

Fundisho lililokusudiwa, kwamba mkulima abaki shambani, liliwaridhisha baadhi ya wakubwa. José María García Escudero, mkuu wa idara ya sinema, aliitunukia hadhi ya filamu yenye maslahi ya taifa, akainyima "Alba de América", filamu kuhusu Columbus iliyopendwa na serikali. Mwaka 1952 akapoteza wadhifa wake.

Wakaguzi nao waliukata mwisho, ambapo Tonia alikuwa aruke kutoka kwenye treni ya kurudi kijijini ili abaki Madrid.

Nieves Conde hakukoma. Katika "El inquilino", ya mwaka 1957, familia inafukuzwa nyumbani na kukosa pa kwenda. Wizara ya Nyumba iliizuia filamu hiyo hadi ulipotengenezwa mwisho mwingine, ambamo nyumba inapatikana.