Mwezi Mwandamo na Hesabu ya Sikukuu

Mwezi mwandamo ni hilali ya kwanza inayoonekana upande wa magharibi jua likisha kuchwa, na kitenzi kuandama, ambacho kwa kawaida humaanisha kufuata, kinalieleza vyema tukio lenyewe, kwa kuwa mwezi huo mchanga hushuka nyuma ya jua na kuzama muda mfupi baada yake. Wanafalaki, kwa upande wao, huuhesabu mwezi mpya tangu wakati mahususi ambapo mwezi hupita baina ya dunia na jua, upande wake wenye nuru ukilielekea jua na ule wa giza ukiielekea dunia, kiasi kwamba hauonekani kabisa. Tukio hili la pili linafaa liitwe mkutano wa mwezi na jua. Mfasiri anayelipa nalo jina la mwezi mwandamo humwelekeza msomaji kutafuta hilali siku ambayo haipo, na hata usemi kwamba mwezi umezaliwa, ambao husikika sana katika mazungumzo ya Ramadhani, huwafanya wengi wadhani kwamba kilichozaliwa sharti kionekane.

Baina ya mkutano na mwandamo lazima upite muda. Mwezi hujitenga na jua kwa takribani digrii 12 kila siku, na mwanafalaki Mfaransa André Danjon, aliyelichunguza suala hili katika miaka ya 1930, alionyesha kwamba hilali haiwezi kuonekana mpaka utengano huo ufikie takribani digrii 7, jambo linalohitaji zaidi ya nusu siku na, kwa macho matupu na anga la kawaida, mara nyingi karibu siku nzima. Wavuvi wa pwani huutambua mkutano bila kuuona, kwa sababu bamvua, yaani maji makubwa yanayojaa sana na kutoka sana, huja karibu na wakati huo kama yanavyokuja karibu na mwezi mpevu.

Tarehe 8 Aprili 2024 mkutano ulishuhudiwa kwa macho, kwani watu wa Meksiko, Marekani na Kanada waliona mwezi ukilifunika jua lote. Kwa saa za Afrika Mashariki ulitimia saa 3:21 usiku, jua likiwa limekwisha kuchwa kitambo Dar es Salaam na Mombasa, kwa hiyo jioni ile mwezi haungeweza kuandama huku hata kama anga lingekuwa jeupe. Saudi Arabia, ambako siku hiyo ilikuwa ya 29 ya Ramadhani, ilikamilisha siku 30, na Idi ikasaliwa Jumatano tarehe 10. Mjadala wa kufuata mwandamo wa kitaifa au wa kimataifa ni wa fikihi, na wenye elimu hiyo ndio wa kuuamua, lakini hauwezi kwenda vizuri iwapo mmoja anasema mwezi umeandama akikusudia mkutano na mwingine anakana akikusudia hilali.

Kipindi cha kutoka mkutano mmoja hadi mwingine ni wastani wa siku 29.53, ndiyo maana mwezi wa kalenda huwa na siku 29 au 30, na miezi 12 hufanya siku 354, pungufu ya mwaka wa jua kwa takribani siku 11. Kalenda ya Kiislamu, ambayo ni kalenda ya mwezi mtupu, imekatazwa kuongezwa mwezi wa kufidia, na kwa hiyo Ramadhani huzunguka majira yote katika takribani miaka 33. Waswahili waliipanga kwa namna yao: Shawali ni Mfunguo Mosi, mwezi wa kufungua saumu, Idi Kubwa huangukia siku ya 10 ya Mfunguo Tatu, Maulidi huwa katika Mfunguo Sita, na hesabu hukoma Mfunguo Tisa kabla ya Rajabu na Shaabani.

Wayahudi hutumia kalenda ya mwezi na jua, ambayo huongeza mwezi wa Adari mara 7 katika kila miaka 19 ili Pasaka yao ibaki katika majira ya kuchipua. Pasaka ya Kikristo nayo haifuati mwandamo bali mwezi mpevu: kwa makanisa ya magharibi ni Jumapili ya kwanza baada ya mwezi mpevu unaoangukia tarehe 21 Machi au baadaye, na mwezi mpevu huo ni wa majedwali ya kanisa, si wa angani. Mwaka 2019 mwezi wa angani ulipevuka tarehe 21 Machi, lakini majedwali yaliuweka tarehe 20, siku moja kabla ya mpaka, hivyo ukahesabiwa mwezi mpevu uliofuata na Pasaka ikaadhimishwa tarehe 21 Aprili.