Tunda Lenye Nuru: Kutoka Bustani ya Vito hadi Mapango ya Mchezo wa Kompyuta

Mfalme Gilgamesh alipofiwa na rafiki yake Enkidu, aliingiwa na hofu ya kifo, akatoka kwenda kutafuta uzima usio na mwisho. Njia ilimpitisha ndani ya mlima wenye giza totoro, asione mbele wala nyuma. Alipotokea upande wa pili alijikuta katika bustani ya miungu. Miti ilizaa akiki nyekundu zilizoning'inia vichala kama zabibu, na majani yake yalikuwa ya lazuli, jiwe la buluu linalothaminiwa tangu kale.

Habari hizi zimo katika bamba la tisa la Utenzi wa Gilgamesh. Mabamba ya udongo yenye toleo lake mashuhuri yalifukuliwa katikati ya karne ya 19 huko Ninawi, kaskazini mwa Iraki ya leo, kwenye maktaba ya Mfalme Ashurbanipal aliyetawala katika karne ya 7 kabla ya Kristo. Sehemu inayoieleza bustani imevunjika vibaya. Hata hivyo, mistari iliyosalia yatosha kuonyesha kwamba tunda linalometameta ni wazo kongwe katika fasihi ya dunia, na kwamba tangu hapo makao yake ni ng'ambo ya giza. Makao hayo hayajabadilika hadi leo. Kilichobadilika ni kazi ya tunda lenyewe.

Mwaka 1709, jijini Paris, msimulizi Hanna Diyab kutoka Aleppo, Syria, alimsimulia Mfaransa Antoine Galland hadithi ya Aladini. Galland alikuwa akifasiri mkusanyiko ambao Waswahili wanaujua kwa jina la Alfu Lela Ulela, na hadithi hiyo akaichapisha mwaka 1712. Haujapatikana mswada wa Kiarabu wenye kisa hicho ulioandikwa kabla yake.

Humo mchawi anayejifanya ami yake Aladini anamshusha kijana huyo chini ya ardhi kufuata taa. Akiwa njiani kurudi, Aladini anasimama bustanini kutazama miti. Matunda meupe ni lulu, yanayopenya nuru ni almasi, mekundu ni yakuti, ya kijani ni zumaridi. Yeye anayadhania vipande vya kioo cha rangi. Angependa zaidi apate tini na zabibu, lakini kwa kuwa yanapendeza macho anajaza mifuko na kuyafutika nguoni. Baadaye mama yake anayapeleka kwa Sultani yakiwa ndani ya bakuli la kaure, kumposea mwanawe binti mfalme. Tunda limekuwa mali, lakini bado haliliki.

Misitu ya Afrika ina tunda halisi linalokaribia sana hayo ya Aladini. Mmea uitwao kitaalamu Pollia condensata huzaa vitunda vya buluu vinavyong'aa kama shanga za chuma. Mwaka 2012 watafiti walieleza kwamba rangi hiyo haitokani na utomvu wowote wa buluu. Inatokana na mpangilio wa nyuzinyuzi ndogo mno katika kuta za seli, zinazorudisha mwanga kwa nguvu isiyo ya kawaida katika viumbe hai. Ndiyo maana vielelezo vilivyokaa miongo mingi kwenye hifadhi za mimea havijapauka. Navyo vitunda hivyo ni vikavu, havina nyama ya kumshibisha ndege.

Karne ya 20 ililipa tunda kazi nzito zaidi. J. R. R. Tolkien, aliyezaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini, mwaka 1892, alibuni ulimwengu ambao nchi ya miungu iliangazwa na miti miwili: Telperion wa fedha na Laurelin wa dhahabu. Adui Melkor na buibui Ungoliant wakaiua, giza likatanda. Kabla ya kufa kabisa, Telperion ulitoa ua moja na Laurelin tunda moja. Ua likafanywa mwezi, tunda likafanywa jua, na wanadamu waliamka lilipochomoza kwa mara ya kwanza. Simulizi hiyo imo katika The Silmarillion, kitabu kilichotoka mwaka 1977, miaka minne baada ya mwandishi kufariki. Kwa Tolkien, mwanga wa kila siku ni mabaki ya msiba, na tunda ndilo lililouokoa.

Rafiki yake wa Oxford, C. S. Lewis, ndiye aliyelitia tunda la nuru kinywani. Katika The Voyage of the Dawn Treader, riwaya ya mwaka 1952, mabaharia wanakesha mezani kwenye kisiwa cha mashariki ya mbali. Kunapokucha wanakutana na mzee Ramandu, ambaye zamani alikuwa nyota. Ndege anamletea tunda dogo kutoka kwenye mabonde ya jua, mfano wa kaa la moto, lenye mwanga usiovumilika kwa macho. Kila asubuhi analila moja, nalo humpunguzia uzee kidogo, mpaka siku atakapokuwa mchanga na kupanda tena angani. Uzima ambao Gilgamesh aliukosa katikati ya matunda ya mawe, Ramandu anautafuna.

Tangu mwaka 2021 tunda hilo limo mikononi mwa watoto. Mchezo wa kompyuta wa Minecraft, uliobuniwa Sweden, uliongezewa mitambaa inayoning'inia kutoka kwenye dari za mapango na kuzaa matunda ya rangi ya chungwa. Mwanga wake ni wa kiwango cha 14, wakati cha juu kabisa mchezoni ni 15. Tunda lake huliwa, hupandwa, na kwa kuwa nuru huzuia majini wa mchezo kuzuka, hulinda njia. Lakini mchezaji akilichuma, mtambaa ule huzima, hivyo katika kila pango inambidi aamue kama atatuliza njaa au atabaki na taa.