Kuandikishwa, Kutahini na Kuhamisha: Shule Zisizotambuliwa katika Historia ya Kenya

Mbele ya sheria, shule huwa mambo matatu kwa wakati mmoja. Kwanza, ni mahali pa kufundishia. Pili, ni mamlaka ya kupima elimu. Tatu, ni mlango wa kumpitisha mwanafunzi kwenda shule nyingine. Katika historia ya Kenya mambo haya hayakutolewa pamoja. Shule ya watu binafsi iliweza kulipata la kwanza kwa jasho la wazazi, ilhali la pili na la tatu yalibaki mikononi mwa serikali na misheni. Mkasa wa shule huru za Wakikuyu unalidhihirisha jambo hili.

Sheria ya Elimu ya 1924 ilitaka shule ziandikishwe na walimu wawe na leseni. Siku hizo shule nyingi za Waafrika zilikuwa za misheni, na kwa hivyo sharti hilo halikuwalemea wazazi. Mambo yaligeuka mwaka 1929, baadhi ya misheni za Kiprotestanti zilipowataka waumini na walimu waikane tohara ya wasichana. Wengi walikataa, wakatengwa, nao wakajenga shule zao wenyewe. Pakazuka vyama viwili: KISA, kilichoundwa rasmi mwaka 1934, na kile cha Karing'a, neno ambalo katika Kikikuyu lina maana ya kitu safi, kisichochanganywa. Jina hilo lenyewe lilikuwa hoja.

Kujenga madarasa hakukuwa tatizo kubwa. Tatizo lilianza pale mwanafunzi alipomaliza darasa la mwisho la shule yake. Cheti alichopewa na mwalimu wake kilikuwa na thamani kijijini tu. Mtihani uliofungua njia ulikuwa wa serikali, nao ulifuata silabasi ya serikali. Alliance High School, iliyofunguliwa mwaka 1926, ilikuwa tunda la umoja wa misheni za Kiprotestanti, na miongoni mwa misheni hizo zilikuwemo zile ambazo wazazi hao walikuwa wamezihama. Mtoto aliyetolewa mlango wa mbele alitakiwa kubisha tena mlango ule ule.

Mwaka 1936 viongozi wa shule huru walikutana na Mkurugenzi wa Elimu. KISA kilikubali silabasi na ukaguzi wa serikali, Karing'a walikataa. Wa kwanza walitambua kwamba pasipo ukaguzi mtihani wao haungeheshimiwa popote. Wa pili walitambua kwamba anayeushika mtihani huishika na shule. Pande zote mbili zilikuwa na haki katika hoja zao, na hapo ndipo ulipo uzito wa mgogoro huu. Suala la lugha linalithibitisha hilo: wazazi walitaka Kiingereza kifundishwe mapema, ilhali serikali ilisisitiza lugha ya mama katika madarasa ya chini. Kwa vile Kiingereza ndicho kilichokuwa lugha ya masomo ya juu, ugomvi wa lugha ulikuwa pia ugomvi wa nani atafaulu.

Chuo cha Walimu cha Githunguri, kilichoanzishwa mwaka 1939 na Mbiyu Koinange baada ya kurudi na shahada kutoka Chuo Kikuu cha Columbia, kilikuwa jaribio la kuukamilisha mzunguko: shule huru zijizalishie walimu wake. Lakini hali ya hatari ilipotangazwa Oktoba 1952, chuo hicho na shule nyingi huru zilifungwa. Baadhi zilifunguliwa baadaye chini ya Bodi za Elimu za Wilaya au misheni. Udhaifu wa kisheria ulidhihirika wazi: haki ilikuwa ya shule, na shule ilipokufa, mwanafunzi hakubaki na haki yoyote ya kudai mahali pengine.

Uhuru haukuliondoa sharti la usajili. Sheria ya Elimu ya 1968 ililihifadhi, hata wakati shule za Harambee zilipokuwa zikichipuka kila wilaya. Baraza la Mitihani la Kitaifa liliundwa mwaka 1980, na mtihani ukawa wa taifa zima. Katiba ya 2010 ndiyo iliyoligeuza swali lenyewe, kwa kuifanya elimu ya msingi ya bure na ya lazima kuwa haki ya kila mtoto. Hata hivyo, Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 bado inadai kila shule isajiliwe. Hivyo katika mitaa ya mabanda ya Nairobi mtoto wa shule isiyosajiliwa amezoea kufanyia mtihani wa taifa katika shule jirani, na matokeo yake kuhesabiwa kwa jina la shule hiyo.

Kwa hiyo kuandikishwa si kutambuliwa, na kutambuliwa si kuaminiwa. Wazee wa 1936 waligombania haki ya shule. Sheria ya leo inaitaja haki ya mtoto. Lakini maadamu haki ya mtoto haina budi kupitia karatasi ya shule, swali la Karing'a halijajibiwa.