Jeshi na Mwenye Shamba: Historia ya Vita katika Nchi ya Nachingwea na Ruangwa

Vitabu vingi vya vita hutuhesabia majenerali, bunduki na vifaru. Hutueleza kombania ipi ilishambulia kwanza na divisheni ipi ilivuka mto kabla ya nyingine. Ni nadra sana kutueleza kwamba askari hao walikula nini asubuhi ile, chakula chenyewe kilitoka katika shamba la nani, na ni nani aliyekibeba hadi mstari wa mbele. Lakini mtu aliyekulia kijijini anajua kuwa hata shujaa hapigani na njaa. Katika makala haya tunakusudia kuitazama sehemu moja ya kusini mwa Tanzania, yaani Nachingwea na Ruangwa, na kuyauliza maswali hayo ambayo vitabu huyapita kando.

Nchi hii iko kati ya mto Mbwemkuru upande wa kaskazini na mto Lukuledi upande wa kusini. Kwa miaka mingi yote ilihesabiwa kuwa Wilaya ya Nachingwea, kabla Ruangwa haijafanywa wilaya ya peke yake. Wenyeji wake wengi ni Wamwera, wakiishi pamoja na Wayao, Wamakua, Wamakonde na Wangindo. Ni watu wa jembe, wakulima wa mtama, muhogo, mbaazi na, baadaye, korosho na ufuta. Hapana budi msomaji alikumbuke jembe hilo, maana ndilo kiini cha habari yetu yote.

Vita vya kwanza ambavyo kumbukumbu yake ingali hai huku kusini ni Vita vya Majimaji vya mwaka 1905 hadi 1907. Katika vita hivyo jeshi la Wajerumani liligundua kwamba silaha kali kuliko bunduki ni njaa. Vijiji vilichomwa, ghala zikateketezwa, mazao yakang'olewa mashambani, ili njaa iimalize kazi ambayo risasi hazikuimaliza. Waliokufa kwa njaa walikuwa wengi kuliko waliokufa vitani. Hapo ndipo watu wa kusini walipojifunza kwa uchungu kwamba jeshi la mkoloni lilimwona mwenye shamba kuwa adui hata kama hakushika mkuki.

Miaka kumi tu baadaye vita vikarejea, na mara hii havikuwa vyao hata kidogo. Vita Kuu ya Kwanza ilipoanza mwaka 1914, Wajerumani na Waingereza waliuleta ugomvi wao wa Ulaya katika ardhi ya Afrika Mashariki. Kufikia mwaka 1917 Jenerali Paul von Lettow-Vorbeck alikuwa amesukumwa hadi kusini mwa nchi, na majeshi ya Waingereza yakawa yanamfuata kutoka bandari za Kilwa na Lindi. Nachingwea na Ruangwa zikawa katikati ya koleo hilo.

Yafaa tuwajue askari waliopigana. Upande wa Wajerumani, nguvu ya jeshi ilikuwa kombania za askari Waafrika, wakiwamo Wanyamwezi, Wasukuma na Wamanyema, chini ya maofisa Wajerumani. Walikuwa askari waliofunzwa sana, hodari wa kupigana msituni, na kila kombania ilikuwa na bombomu zake. Upande wa Waingereza walikuwako askari wa King's African Rifles, ambao Waswahili waliwaita Keya, pamoja na askari kutoka Afrika Kusini, Bara Hindi, Nigeria na Ghana, ambayo wakati ule iliitwa Gold Coast. Basi, vita vilivyoitwa vya Wazungu vilipiganwa kwa sehemu kubwa na Waafrika dhidi ya Waafrika.

Tarehe 19 Julai, 1917, majeshi hayo yalikutana Narungombe, mahali palipo Ruangwa ya leo. Wajerumani walikuwa wamechimba mahandaki karibu na maji, na katika msimu wa kiangazi mwenye maji ndiye mwenye nchi. Mapigano yalidumu mchana kutwa. Askari wa Keya ndio waliotoa pigo la mwisho, na usiku Wajerumani wakaondoka. Hata hivyo, ushindi huo haukuwafikisha Waingereza mbali. Walikaa karibu miezi miwili kabla ya kuendelea na safari, kwa sababu jeshi lililokwisha kushinda lilihitaji chakula, dawa na risasi, na vitu hivyo vilipaswa kuletwa kutoka pwani katika nchi isiyokuwa na barabara za kutosha.

Waliposonga mbele tena, shabaha yao haikuwa askari peke yao bali pia chakula. Mwezi wa Oktoba Ruponda, iliyo Nachingwea, ikaangukia mikononi mwao pamoja na akiba ya chakula ya Wajerumani. Siku chache baadaye, kuanzia tarehe 15 hadi 18 Oktoba, yakapiganwa mapigano ya Mahiwa, upande wa mashariki kuelekea Lindi. Hayo yalikuwa mapigano makali kupita yote katika vita vile vya Afrika Mashariki. Inakadiriwa kuwa Waingereza walipoteza watu 2,700, kati ya waliouawa na waliojeruhiwa, katika jeshi la watu wapatao 4,900. Wajerumani walipoteza watu kama 500 katika jeshi la watu 1,500 hivi. Lettow-Vorbeck alishinda uwanjani, lakini hakuwa tena na risasi wala chakula cha kumwezesha kuufaidi ushindi wake. Mwezi wa Novemba aliwaacha nyuma wagonjwa na majeruhi wake, akavuka Ruvuma na kuingia Msumbiji kutafuta vitu hivyo. Kwa hiyo aliyemtoa jenerali huyo katika nchi yetu ni ghala tupu, kuliko bunduki ya adui.

Na ni nani aliyelijaza ghala hilo, na ni nani aliyeupeleka mzigo? Ni mwenye shamba na mpagazi. Magari yalikwama, wanyama wa mizigo walikufa kwa ugonjwa wa mbung'o, na kilichobaki kilikuwa kichwa cha binadamu. Majeshi yote mawili yaliwachukua watu kwa maelfu, wengi wao kwa nguvu. Wale waliokuwa chini ya Waingereza waliingizwa katika kikosi kilichoitwa Carrier Corps, na jina hilo likageuka katika vinywa vya Waswahili kuwa Kariakoo, mtaa unaojulikana na kila mtu Dar es Salaam. Wapagazi zaidi ya 90,000 wa upande huo mmoja walikufa, wengi kwa kuhara, homa, uchovu na lishe duni. Wahenga walisema kuwa wapiganapo tembo wawili ziumiazo ni nyasi. Hapa nyasi ziliumia, tena tembo walipanda juu yake wakadai zibebe pembe zao.

Kaburi la ofisa lilichongwa jina. Mpagazi hakuandikiwa lake. Mwaka 2021 tume inayotunza makaburi ya vita ya Uingereza na nchi za Jumuiya ya Madola ilikiri katika taarifa yake kwamba makumi ya maelfu ya Waafrika na Waasia waliokufa katika vita hivyo hawakukumbukwa kwa majina yao kama wenzao Wazungu walivyokumbukwa. Ungamo hilo lilichukua zaidi ya miaka mia moja.

Katika Vita Kuu ya Pili, ya mwaka 1939 hadi 1945, vijana wa Tanganyika zaidi ya 80,000 walitumikia jeshi la Mwingereza. Baadhi yao walikwenda hadi Burma katika Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, ambayo mwaka 1944 iliwafukuza Wajapani katika bonde la Kabaw hadi mto Chindwin, katikati ya mvua na matope. Vita vilipokwisha, askari walirudi makwao. Cha ajabu ni kuwa vifaru navyo vilitafutiwa kazi, na baadhi vikaletwa Tanganyika.

Uingereza ilikuwa na upungufu wa mafuta ya kula. Mwaka 1947 ikaanzisha Mpango wa Karanga, ikikusudia kulima ekari zaidi ya milioni tatu, na sehemu zilizochaguliwa zilikuwa Kongwa, Urambo na Nachingwea. Kwa kuwa matrekta makubwa yalikuwa adimu, vifaru vya aina ya Sherman viligeuzwa kuwa matrekta ya kung'olea visiki. Mpango wenyewe uliendeshwa kama vita: kulikuwa na amri kutoka juu, haraka, na mashine nyingi. Reli ilijengwa kutoka pwani hadi Nachingwea, na bandari ya Mtwara ikachimbuliwa kwa ajili ya karanga hizo. Lakini mvua haikupokea amri, wala udongo haukuogopa chuma. Waliopanga hawakuchunguza vya kutosha tabia ya nchi, wala hawakumsikiliza mkulima aliyejua mvua huanza lini na hukoma lini. Mwezi wa Januari, 1951, mpango ukaachwa, hasara ikiwa imefikia pauni milioni 36 hivi. Mwanzoni mwa miaka ya 1960 hata reli iling'olewa. Chuma kilichoshinda katika vita vya dunia kilishindwa na shamba, kwa sababu mwenye shamba hakuulizwa.

Hata hivyo, mabaki ya mpango ule yalipata kazi ya heshima. Tanganyika ilijipatia uhuru mwaka 1961, na tarehe 25 Juni, 1962, wazalendo wa Msumbiji wakaunda FRELIMO mjini Dar es Salaam. Vita vyao vya ukombozi vilianza tarehe 25 Septemba, 1964. Mojawapo ya kambi zao za mwanzo nchini ilikuwa Kongwa, na kuanzia mwaka 1965 Nachingwea ikawa makao makuu ya mafunzo yao ya kijeshi, katika shamba la zamani la karanga lililojulikana kama Farm 17. Mahali ambapo vifaru vilishindwa kuotesha karanga pakaoteshwa jeshi.

Jeshi hilo lilikuwa la namna gani? Halikuwa na vifaru wala ndege. Vijana waliotoka makabila mbalimbali ya Msumbiji walifundishwa silaha na siasa kwa pamoja, wakajifunza kusoma na kuandika, na wakashika jembe, kwani kila mpiganaji alipaswa kulima chakula chake. Mwaka 1967 wasichana na wanawake 25, akiwamo Josina Muthemba aliyekuja kuolewa na Samora Machel, walipewa mafunzo ya kijeshi ya miezi mitatu huko Nachingwea, na kutoka humo kikakua kikosi cha wanawake. Kazi yao mojawapo ilikuwa kuvusha silaha na dawa ng'ambo ya Ruvuma vichwani mwao. Mzigo wa mwaka 1917 ulirudi kichwani, lakini sasa aliyeubeba alijua unakwenda wapi na kwa nini.

Nguvu ya jeshi hilo ilipimwa mwaka 1970. Jenerali wa Kireno, Kaúlza de Arriaga, alikusanya makomando, askari wa miavuli na wa majini, waliokuwa askari bora kabisa wa Ureno, pamoja na mizinga na ndege, akayashambulia maeneo ya FRELIMO huko Cabo Delgado. Kambi zilitekwa, lakini wapiganaji walitawanyika na kuendelea kupigana, kisha vita vikapanuka katika Tete na, mwaka 1972, katika Manica na Sofala. Jeshi teule lilishika mahali. Wapigania uhuru walishika watu. Wananchi wetu wa kando ya Ruvuma nao walilipa gharama kwa mabomu ya ardhini na mashambulizi ya ndege, lakini mlango wa Tanzania haukufungwa. Mapatano yalitiwa sahihi Lusaka tarehe 7 Septemba, 1974, na Msumbiji ikawa huru tarehe 25 Juni, 1975.

Historia ya kweli haichagui yanayopendeza tu. Katika mwaka huo huo wa 1975 watu walioshtakiwa kwa usaliti, akiwamo Uria Simango aliyepata kuwa Makamu wa Rais wa FRELIMO, walionyeshwa hadharani huko Nachingwea na kutakiwa wakiri makosa. Baadaye Simango na wengine kadhaa waliuawa nchini Msumbiji bila ya kuhukumiwa na mahakama. Jambo hili halifuti haki ya vita vya ukombozi, ila linatuonya kwamba jeshi lililotokana na wananchi nalo huweza kusahau haki ya mtu mmoja mmoja, endapo hakuna wa kuliuliza.

Tukiyaweka matukio haya pamoja, tunaona fundisho moja. Jeshi la mwaka 1917 lilimnyang'anya mwenye shamba, likafuatana na njaa. Vifaru vya mwaka 1947 vilimpuuza, vikaacha visiki na reli tupu. Jeshi la mwaka 1965 lilishika jembe na kuishi kwa jirani zake kwa makubaliano, likashinda dola yenye silaha kali kuliko zake. Ubora wa jeshi, basi, haupimwi kwa unene wa chuma chake peke yake. Hupimwa pia kwa namna linavyokaa na watu wanaolilisha.

Walimu na wanafunzi wa kusini mnayo kazi ya kufanya. Walioiona Narungombe hawapo tena, lakini wamo bado vijijini wazee walioiona kambi ya Nachingwea, waliouza muhogo kwa wapiganaji, na waliosikia kwa baba zao habari za upagazi. Daftari na kalamu vinatosha. Andikeni majina ya mahali, ya visima, ya njia walizopita wapagazi, na majina ya wapagazi wenyewe kila yanapopatikana. Majenerali wamekwisha kuandikiwa vitabu vyao. Aliyebaki bila jina ni mwenye shamba.