Mswada Usio na Msimulizi: Amil Shivji na Riwaya ya Vuta N'kuvute



Mtu akitoka bustani ya Forodhani huvuka barabara tu akafika Ngome Kongwe, ambako Tamasha la Kimataifa la Filamu la Zanzibar, lililoanza mwaka 1998, huonyesha filamu zake. Mwaka 2017 lilifunguliwa kwa T-Junction, filamu ya Amil Shivji. Humo Fatima, aliyefiwa na baba, anakutana hospitalini na Maria, naye Maria anamsimulia masaibu ya wachuuzi wa njia panda. Kabla yake Shivji alikwisha kutoa Shoeshine (2013), inayoitazama Dar es Salaam kutoka miguuni mwa wapita njia, kwa mng'arisha viatu. Siasa yake, basi, ilianzia mitaani.

Ugumu ulikuja alipoigeukia riwaya ya Adam Shafi, Vuta N'kuvute (1999), akiandika mswada pamoja na Jenna Bass wa Afrika Kusini. Tumo Unguja ya miaka ya 1950. Yasmin, binti wa Kihindi, anaozwa Bwana Raza aliyempita mno kwa umri. Anatoroka, anapata hifadhi kwa Mwajuma huko Ng'ambo, kisha anampenda Denge, kijana aliyesoma Urusi na anayesakwa na askari wa Mwingereza. Shafi anaye msimulizi ajuaye yote, awezaye kusita na kutufafanulia ubaguzi wa mji ule na hoja za wapinga ukoloni. Mswada wa filamu haumpi mtu huyo pa kukaa. Alichokieleza lazima kitendwe, kionekane au kitamkwe, tena kwa muda usiofika saa mbili. Kwa maoni yangu aliyepunjwa ni Denge: ukurasani fikra zake hukomaa polepole, ilhali kwenye filamu mapenzi huzitangulia.

Faida imo katika sauti. Mwaka 1928, katika mkutano wa Mombasa, Kiunguja cha mjini kilichaguliwa kuwa msingi wa Kiswahili sanifu, na waliochagua walikuwa watawala. (Wanafunzi wangu husahau jambo hili kila mwaka.) Msomaji wa Bara huisoma riwaya hii kwa lafudhi yake mwenyewe, wala hapana wa kumsahihisha. Mtazamaji hana hiari hiyo. Hupigania uhuru mbele yake watu ambao lugha yao ilitwaliwa ikasanifiwa.

Filamu ilionyeshwa Toronto Septemba 2021. Huko asiyejua Kiswahili alisoma tafsiri chini ya picha, na msimulizi akarudi kwa mlango wa nyuma, safari hii kwa Kiingereza.