Boma la Kisii: Kambi Iliyozaa Mji

Anayetoka Birongo kwenda Kisii kununua sare za shule au kufuata kesi mahakamani hafikirii kwamba anaingia palipokuwa kambi. Soko na stendi ya matatu vilikuja baadaye. Zilizotangulia ni bunduki.

Mwaka 1905 askari wa Keya, jeshi la kikoloni la Mwingereza, walipanda milima ya Gusii, wakaua watu, wakaswaga ng'ombe, wakaondoka. Mwaka 1907 Mwingereza alirudi kukaa. Ofisa kijana, Geoffry Northcote, alifungua boma pale Getembe, na wenyeji, Abagusii, wakapaita Bosongo, yaani kwa wazungu.

Amani haikudumu hata mwaka. Januari 1908 Otenyo Nyamaterere, aliyechochewa na nabii Moraa, alimvizia Northcote akamchoma mkuki. Northcote alipona, na miaka mingi baadaye akawa gavana wa Hong Kong. Otenyo aliuawa. Vijiji vilichomwa na watu wakauawa kiasi kwamba Winston Churchill, aliyekuwa naibu waziri wa makoloni, alihoji kutoka London haja ya kuendelea kuua watu wasio na kinga. Sijui boma gani jingine Kenya lilizinduliwa kwa gharama kama hiyo.

Ajabu ni kwamba ngome hiyo iliyotisha wenyeji haikuweza kujilinda yenyewe. Septemba 1914, Vita vya Kwanza vya Dunia vilipokuwa vimeanza, askari wa Mjerumani walivuka mpaka kutoka koloni lao la kusini, wakaliingia boma bila upinzani, kwani maofisa walikwisha kuondoka. Keya waliletwa haraka, na tarehe 12 pande mbili zikapigana kwenye vilima vinavyouzunguka mji. Kapteni Thornycroft, aliyewaongoza Waingereza, aliuawa. Jioni Waingereza walirudi nyuma, na Wajerumani nao, wakiwa wameumia vibaya, wakashika njia ya kwao. Kwa muda boma halikuwa na mwenyewe.

Abagusii hawakungoja. Waliingia ofisini na madukani wakachukua walichoweza. Misheni ya Nyabururu nayo haikupona. Waliokuwa wakitozwa kodi kila mwaka waliona deni linarudi. Waingereza waliporejea walitwaa mifugo kuwa fidia na kuwalazimisha watu kufanya kazi. Kisha ikaja Kariakoo: vijana wa Gusii walipelekwa kubeba mizigo ya jeshi la Mwingereza katika koloni la Mjerumani, na wengi hawakurudi. Bosongo pakabaki pa makarani, polisi na wenye maduka.